Kufyeka Shamba na Kuvuna Mbao: Kazi Mbili Zinazochanganywa katika Stardew Valley

Jioni moja mpwa wangu alinisogezea simu yake akiwa amekunja uso. Kwenye kioo palikuwa na shamba safi mno, limelimwa ukingo kwa ukingo, bila kisiki wala kichaka. Alikuwa amesimama dukani kwa seremala akitaka kujenga zizi, na zizi linadai sarafu 6,000, mawe 150 na mbao 350. Sarafu alikuwa nazo, mawe pia. Mbao hakuwa nazo hata moja. "Mjomba, miti yote niliikata mwanzoni nikauza," aliniambia, "sasa ubao mmoja ananiuzia 50." Nilipiga hesabu kichwani: mbao 350 kwa sarafu 50 ni sarafu 17,500, karibu mara tatu ya gharama ya zizi lenyewe. Mbao hizohizo aliziuza kwa sarafu 2 kila moja, maana yake ni kwamba alipata sarafu 700 kwa mali ambayo sasa anatakiwa kuinunua tena kwa 17,500.

Mkanganyiko huu nimeukuta kwa wachezaji wengi wa Stardew Valley, vijana kwa watu wazima, na sidhani kama unatokana na uvivu wa kusoma maelekezo. Unatokana na ukweli kwamba mchezo huu unakufanya utumie shoka moja, kwa mwendo mmoja wa mkono, kutenda kazi mbili tofauti kabisa. Kazi ya kwanza ni kufyeka, yaani kuondoa kinachozuia ardhi isilimwe. Kazi ya pili ni kuvuna, yaani kupata mbao za kujengea. Anayezichanganya hufyeka kana kwamba anavuna, au huvuna kana kwamba anafyeka, na katika hali zote mbili huishia kudaiwa mbao asizokuwa nazo.

Kwa wasioujua, Stardew Valley ni mchezo wa video ulioundwa na Mmarekani Eric Barone, ukatoka kwa mara ya kwanza Februari 26, 2016 kwenye kompyuta, kisha ukafika kwenye simu za Android mwaka 2019. Mchezaji anarithi shamba la babu yake nje kidogo ya mji mdogo uitwao Pelican Town. Shamba hilo limekaa muda mrefu bila mkulima, kwa hiyo siku ya kwanza unapofungua mlango unakutana na msitu mdogo: miti mikubwa, visiki, magogo, mawe na magugu. Unakabidhiwa shoka, jembe, sululu, fyekeo na chombo cha kumwagilia maji. Siku ya mchezo huanza saa 12 asubuhi na kukoma saa 8 usiku, na kwa saa zetu za kawaida hiyo ni kama dakika 14 tu.

Kabla ya kuendelea ni lazima tukubaliane kuhusu maneno, kwa sababu mchezo haujatafsiriwa rasmi kwa Kiswahili na kila mtu hujitafsiria mwenyewe. Kitu kinachoanguka mti unapokatwa, wengine hukiita kuni, wengine magogo, wengine mbao. Kwetu sisi maneno haya yana tofauti kubwa: kuni ni za kuchoma, gogo ni mti ulioanguka ukiwa mzima, na ubao umepita kwenye msumeno. Mchezo haujali tofauti hiyo. Una bidhaa moja tu ya kawaida, na mti ukianguka bidhaa hiyo hujitokeza tayari kwa kazi yoyote, iwe kujenga banda, kuunda sanduku au kuingizwa kwenye tanuru. Katika makala haya nitaiita mbao, kwa sababu matumizi yake mengi ni ya ujenzi, na kwa sababu neno kuni limewafanya baadhi ya wachezaji waidharau.

Bidhaa ya pili ni mbao ngumu, na hapa mkanganyiko huwa mkubwa zaidi kwa mtu anayejua miti. Seremala yeyote atakwambia kwamba mninga au mvule ni mbao ngumu na msonobari ni mbao laini. Miti mitatu ya kawaida katika mchezo ni mwaloni, mepoli (maple kwa Kiingereza) na msonobari, na katika dunia yetu miwili ya kwanza huhesabiwa kuwa ya mbao ngumu. Mchezaji mwenye akili hiyo atakata miti ya mwaloni siku nzima akisubiri mbao ngumu zisizokuja. Katika mchezo miti yote mitatu hutoa mbao za kawaida zilezile. Mbao ngumu hupatikana kwenye visiki vikubwa na magogo makubwa yaliyolala ardhini, vitu ambavyo shoka ulilokabidhiwa siku ya kwanza haliwezi hata kuvikwaruza. Kisiki kikubwa kinahitaji shoka la shaba na hutoa mbao ngumu 2. Gogo kubwa linahitaji shoka la chuma cha pua na hutoa 8. Baadaye sana huja pia miti ya mahogani, ambayo nayo hutoa mbao ngumu.

Maneno mengine mawili yanahitaji kutenganishwa. Mti ukiangushwa hutoa pamoja na mbao utomvu, kitu cha kunata ambacho kazi yake kubwa mwanzoni ni kutengenezea mbolea ya kawaida. Mwaloni ulio hai, ukifungiwa kifaa cha kugemea, hutoa kitu kingine ambacho nitakiita ulimbo. Wachezaji wengi wanaozungumza Kiswahili huviita vyote viwili utomvu, kisha hushangaa kwa nini utomvu 200 walionao kwenye sanduku haukubaliwi wanapotaka kuunda pipa. Ni vitu viwili, na tofauti kati yake ndiyo kiini cha suala zima, kama nitakavyoeleza.

Tuanze sasa na kazi yenyewe. Mhusika wako ana nguvu 270 siku ya kwanza, zinazoonekana kwenye mstari wa rangi ya kijani pembeni mwa kioo. Zifikirie kama uniti za LUKU: zimehesabiwa, kila unachowasha kinazila, na zikikata umekaa gizani. Kila pigo la shoka hula nguvu 2. Zikifika sifuri mhusika huchoka, hutembea kwa kujikokota, na kesho yake huamka akiwa na nguvu pungufu. Akiendelea kulazimisha huanguka na kuzimia.

Mti mkubwa, kwa shoka la kwanza, huhitaji mapigo 10 ili shina lianguke na mapigo 5 zaidi kuondoa kisiki chake kidogo kinachobaki. Hayo ni mapigo 15, sawa na nguvu 30. Kwa hiyo nguvu zote za siku nzima hutosha miti 9, bila kulima hata shimo moja na bila kumwagilia hata mche mmoja. Kila shina huangusha mbao 12 au zaidi kidogo, na kisiki huongeza chache. Kwa hiyo siku nzima ya kukata miti hukupa mbao zaidi ya 100: zinatosha kuunda masanduku mawili ya kuhifadhia vitu, kila moja likila mbao 50, lakini hazifikii mbao 300 za banda la kuku.

Hapa ndipo ubora wa shoka unapoingia, na watu wengi hawauelewi vizuri. Shoka bora halikuongezei mbao kwenye mti mmoja. Linapunguza mapigo. Shoka la shaba huumaliza mti pamoja na kisiki kwa mapigo 12, la chuma cha pua kwa 9, la dhahabu kwa 6, na la iridiamu kwa 3. Ukigawa nguvu zilezile 270, miti 9 ya siku huwa 11, kisha 15, kisha 22, kisha 45. Na kadiri unavyozidi kupata uzoefu wa msituni, kila pigo hula nguvu pungufu kidogo ya 2. Tajiriba hiyo huongezeka kwa kuangusha miti na kuokota mazao ya porini. Mhunzi wa mji, Clint, hubadilisha shoka kuwa la shaba kwa sarafu 2,000 na vipande 5 vya shaba iliyoyeyushwa, na hukaa nalo siku 2. Kwa siku hizo mbili huna shoka hata la kukatia kichaka, kwa hiyo mwenye busara hukata mbao za ujenzi uliopangwa kabla ya kulipeleka.

Baada ya kuijua gharama hiyo, kufyeka huonekana kwa sura mpya. Mtu mwenye miche 15 ya kupanda siku ya kwanza hahitaji shamba lote. Anahitaji kipande kidogo mbele ya nyumba. Magugu huondolewa kwa fyekeo, na fyekeo halili nguvu hata kidogo, kwa hiyo hilo lifanyike kwa uhuru. Miti michanga na mbegu zilizoota huondoka kwa pigo moja au machache. Mti mkubwa uliosimama katikati ya kipande hicho hauna budi kukatwa pamoja na kisiki chake, maana jembe halipiti kwenye kisiki. Lakini mti uliosimama mbali, kule kusini ambako hutafika na jembe kwa miezi, haukuzuii chochote. Kuukata leo ni kuvuna, si kufyeka, na kuvuna kunatakiwa kuongozwa na swali moja: ninajenga nini, na kinadai mbao ngapi?

Nilimuuliza mpwa wangu swali hilo na akanijibu kwa ukweli kwamba aliona miti "inachafua". Namwelewa. Shamba lililofyekwa lote linapendeza machoni, na katika vijiji vyetu vingi shamba lenye miti katikati huhesabiwa kuwa la mtu mzembe. Lakini katika mchezo huu ardhi tupu isiyolimwa haikulipi chochote, ilhali mti uliosimama hukaa kama fedha kwenye kibubu: haupungui, hauibwi, na siku utakapouhitaji utakupa mbao zilezile ambazo ungezipata leo, tena kwa nguvu chache zaidi kwa kuwa shoka lako litakuwa limeshaboreshwa.

Kuna sababu nyingine ya kutokimbilia kukata, ambayo sijaona ikielezwa vya kutosha. Mti unapokatwa unaweza kuangusha mbegu za kupandia tena, lakini hilo hutokea tu baada ya mchezaji kufikia kiwango cha 1 cha stadi ya msituni. Mwenye kiwango sifuri huangusha mti na kupata mbao na utomvu, basi. Kiwango cha 1 kinahitaji alama 100, shina lililoangushwa hutoa alama 12, na kisiki 1. Ina maana kwamba miti 8 ya kwanza unayoikata hukufikisha hapo, na hiyo 8 haikuachii mbegu. Si hasara kubwa, ila inaonyesha kwamba siku ya kwanza ndiyo siku mbaya kuliko zote ya kukata msitu mzima.

Na miti huota tena? Jibu ni ndiyo, lakini si kama wengi wanavyodhani. Kisiki cha kawaida hakichipui upya. Kinachotokea ni kwamba kila mti mkubwa shambani una nafasi ya 15% kila usiku kudondosha mbegu kwenye viwanja vidogo vilivyo jirani nao. Maana yake ni kwamba miti huzaliwa na miti: ukiiacha michache, shamba hujijaza lenyewe, na ukiimaliza yote hakuna wa kuzaa. Mpwa wangu alikuwa akisubiri msitu urudi kwenye shamba ambalo halikubaki na mti hata mmoja. Mbegu ikishaota, kila usiku ina nafasi ya 20% tu ya kupanda hatua moja ya ukuaji, yaani wastani wa usiku 5 kwa hatua, kwa hiyo mche mara nyingi huhitaji karibu msimu mzima wa siku 28 kabla haujawa mti wa kukatwa. Wakati wa majira ya baridi haukui kabisa, isipokuwa ukiwekewa mbolea maalumu ya miti ambayo mwanzoni hujui kuiunda. Tena mche haufikii hatua ya mwisho ikiwa kuna mti mkubwa katika mojawapo ya viwanja 8 vinavyouzunguka. Wanaopanda mbegu zikigusana hulaumu bahati, kumbe wamezibana wenyewe. Acha nafasi ya kiwanja kimoja kati ya mbegu na mbegu.

Sasa nirudi kwenye ulimbo, kwa sababu hapa mti unaacha kuwa mbao na kuwa kitu kingine. Watu wa pwani hawahitaji maelezo marefu. Mwenye mnazi anajua kwamba mnazi uliokatwa hutoa boriti mara moja, na mnazi unaogemwa hutoa tembo asubuhi na jioni. Ukipanda viwango vya stadi ya msituni unajifunza kuunda kifaa cha kugemea kwa mbao 40 na vipande 2 vya shaba. Ukikifunga kwenye mwaloni hukupa ulimbo, kwenye mepoli hukupa sharubati, na kwenye msonobari hukupa lami. Ulimbo huchukua takriban wiki moja kujaa, kisha kifaa huanza upya bila kuuumiza mti.

Kwa nini ulimbo ni muhimu hivyo? Kwa sababu pipa la kuchachushia, ambalo hugeuza matunda kuwa mvinyo na humo mashamba mengi ya mchezo huu hupata utajiri wake, linahitaji mbao 30, kipande cha shaba, kipande cha chuma na ulimbo 1 wa mwaloni. Mbao unaweza kununua. Ulimbo huwezi kuupata kwenye kaunta ya seremala kwa bei yoyote. Unatoka kwenye mwaloni uliosimama. Sharubati ya mepoli nayo inahitajika kuunda mzinga wa nyuki, na lami ya msonobari kuunda kitanda cha kufumia. Mtu aliyekata mialoni yote kwa mbao 12 kila mmoja amekata viwanda vyake vya baadaye. Ushauri wangu ni kuchagua mapema mialoni isiyopungua 6 iliyo kando ya njia, na kuihesabu kuwa haikatwi kwa sababu yoyote ile.

Dhana potofu nyingine nizitaje kwa haraka. Wapo wanaoamini kwamba shoka la dhahabu litatoa mbao ngumu kwenye mti wa kawaida. Halitoi. Inayoweza kufanya hivyo ni taaluma ya mkata magogo inayochaguliwa ukifikia kiwango cha 10, nayo inategemea kwanza kuchagua taaluma ya misitu katika kiwango cha 5, ile inayoongeza mbao kwa 25%. Wapo wanaodhani mbao ngumu zikiisha shambani zimeisha kabisa. Kuna msitu wa siri upande wa magharibi, unaoingiwa kutoka msitu wa Cindersap baada ya kukata gogo kubwa lililoziba njia, na visiki vyake 6 vikubwa hurudi kila siku: mbao ngumu 12 kwa kila anayejali kutembea. Wapo pia wanaoteketeza mbao kwenye tanuru la mkaa bila kuhesabu. Tanuru hula mbao 10 na kutoa kipande 1, na katika mchezo kipande hicho ni kilekile kinachochimbwa mgodini, kwa kuwa mchezo hautofautishi mkaa na makaa ya mawe kama tunavyotofautisha sisi. Mwenye njia ya kwenda mgodini aende huko, abakize mbao zake.

Wazazi wawili wameniuliza kama mchezo huu unamfundisha mtoto kumaliza misitu. Nimelitafakari swali hilo kwa uzito, maana ninatoka sehemu ambako vilima vilivyokuwa vya kijani utotoni mwangu leo ni vyekundu. Kwa maoni yangu mchezo wenyewe hauna hukumu. Unamruhusu mtoto akate wote, kisha unamwachia matokeo mikononi, kama ulivyomwachia mpwa wangu. Ila mtoto aelezwe waziwazi kwamba mti unaokua kwa siku 28 upo kwenye simu peke yake, na kwamba mvule aliouona kijijini kwa bibi ulipandwa kabla bibi hajazaliwa.

Limebaki suala la bei, ambalo ndilo lililomleta mpwa wangu kwangu. Seremala Robin huuza ubao mmoja kwa sarafu 10 mwaka wa kwanza wote, na kuanzia siku ya kwanza ya mwaka wa pili huuza kwa 50. Mwaka una misimu 4 ya siku 28, na siku ya 28 ya majira ya baridi huwa daima Jumapili, siku ambayo duka lake liko wazi. Mwenye sarafu 3,500 siku hiyo hununua mbao 350 za zizi zima. Akilala na kuamka, fedha hizohizo zinamnunulia 70. Mpwa wangu alifuta shamba lake na kuanza upya. Safari hii ameacha safu ya mialoni 8 upande wa kusini, amefunga vifaa vya kugemea kwenye 5 kati yake, na juzi alinionyesha sanduku lenye mbao 412.